Afisa Asiyesema Hapana

Kuna neno moja ambalo mtu wa Msambweni anayefuatilia hatimiliki halisikii kamwe: hapana. Anaambiwa faili iko juu. Anaambiwa, mzee, pita wiki ijayo, bwana mkubwa yuko mkutanoni Mombasa. Hakuna aliyemkatalia, kwa hiyo hana uamuzi wa kukatia rufaa. Sasa huyu afisa aliyekalia faili, ametenda jambo au hajatenda?

Wengi wetu tungesema hajatenda. Kucheleweshwa tumekuzoea kama mvua ya masika, inakuja yenyewe. Sheria inaona vingine. Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na serikali kwa haraka na kwa njia ya haki, na sheria iliyotungwa 2015 kukitekeleza inahesabu hata kutotenda kuwa hatua ya kiutawala. Yaani kunyamaza ni kitendo, na unaweza kukipeleka kortini. Mahakama ya Mazingira na Ardhi iko hapo Kwale, nayo inaweza kumwamuru afisa aamue. (Kama kuna njia ya malalamiko ndani ya ofisi yenyewe, utatakiwa uipitie kwanza.)

Lakini amri hiyo, ambayo mawakili huiita mandamus, humlazimisha afisa aamue. Kwa kawaida haimwambii aamue nini. Unaweza kuhangaika na kesi, ukalipa wakili, halafu ukapewa "hapana" iliyoandikwa vizuri. Kuna watakaokwambia huo ni upuzi. Mimi naona hapana ya maandishi ni mali. Ina tarehe, ina jina la aliyeisaini, na sababu zake una haki ya kuzidai. Utaishika uende nayo mbele. Tena aliyekuandikia amekubali kwamba wewe ni mtu wa kujibiwa, jambo ambalo "pita wiki ijayo" haijawahi kulikubali.

Kinachoniudhi ni kwamba serikali inajua sana kuhesabu siku ikitaka. Sheria ya mipango ya matumizi ya ardhi ya 2019 inasema anayeomba kibali cha ujenzi asipojibiwa kwa maandishi ndani ya siku 60, ahesabu amekubaliwa. Kwa mwenye hoteli pale Diani, basi, ukimya ni ndiyo. Kwa bibi anayelima mihogo nyuma ya hoteli hiyo akisubiri hati, ukimya si kitu. Na asitegemee miaka yake shambani: ukikaa miaka 12 waziwazi kwenye ardhi ya mtu binafsi bila idhini yake, unaweza kuidai iwe yako, lakini kwenye ardhi ya serikali hata miaka 60 haikusaidii.

Pwani hii saa imewahi kugeuziwa raia. Mwaka 1908 mkoloni alileta sheria ya hati: mwenye madai ya ardhi ukanda wa pwani aje ayaandikishe, na isiyodaiwa ikawa ya Mfalme wa Uingereza. Wadigo wengi walikuwa na ardhi ya ukoo, si ya karatasi. Leo wajukuu wao wanaitwa maskwota hatua chache kutoka makaburi ya mababu. Raia alipochelewa alipoteza shamba. Afisa akichelewa, hapotezi hata chai ya saa nne, mpaka jaji aingilie.

Kwa hivyo ukimsindikiza bibi yako ofisini, nendeni na barua nakala mbili, na moja igongwe muhuri wenye tarehe mrudi nayo. Jaji atahitaji siku ya kuanzia kuhesabu.