Kengele ya Urakami

Mama akifariki kijijini, jembe lake hubaki ukutani. Mgeni huona mti na chuma. Mwanawe humwona mama. Vitu vinavyoachwa na vita husema vivyo hivyo.

Tarehe 9 Agosti 1945, saa tano na dakika mbili asubuhi, bomu la atomu la Marekani lililipuka juu ya mji wa Nagasaki, katika nchi ya Japani. Sehemu kubwa ya urani iliyotumika katika kazi ile ya mabomu ilichimbwa Shinkolobwe, katika Katanga. Kwa hiyo kilio cha Nagasaki si habari ya watu wa mbali tu. Katika kanisa kuu la Urakami mapadri walikuwa wakiungamisha. Kanisa likaanguka, wote waliokuwamo wakafa. Kati ya Wakristu wapatao 12.000 wa parokia ile, wapatao 8.500 waliangamia.

Daktari Takashi Nagai alirudi nyumbani kwake akakuta majivu. Palipokuwa jiko aliona mifupa ya mkewe Midori, na karibu nayo rozari yake. Uso haukubaki, wala sauti, rozari ilibaki.

Kanisa lilikuwa na kengele mbili. Moja ilivunjika, nyingine ikafukuliwa katika kifusi, nzima. Usiku wa Noeli wa mwaka ule ule Wakristu waliosalia wakaipiga. Ililia kwa ajili ya nani? Kwa ajili ya wazima, wapate kusali. Na kwa ajili ya wafu, wasisahauliwe.

Je, kutunza vitu hivyo ni kutunza hasira? Sivyo. Bwana Yesu alipofufuka hakuficha majeraha yake. Aliwaonyesha wanafunzi mikono na ubavu, akawapa amani. Mwenye kuficha jeraha huwasahau wafu. Mwenye kulionyesha ili alipize kisasi huwaongeza.

Mahali pa kengele iliyovunjika palikaa patupu miaka 80. Tarehe 9 Agosti 2025, saa ile ile ya bomu, kengele mpya, zawadi ya Wakatoliki wa Marekani, ililia pamoja na ile ya kale. Wafu hawakurudi, lakini watu wa nchi zote mbili walisali pamoja.

Basi, mkatekumeni aliye na kitu cha ndugu aliyeuawa vitani asikitupe, wala asikifanye silaha ya moyo. Akishike, ataje jina la marehemu mbele ya Mungu, kisha amwombee na yule aliyemwua.