Mwalimu Asiye wa Kawaida na Uhuru wa Akili ya Mwanafunzi

Falsafa ya elimu, yaani tawi la fikra linalochunguza maana na makusudi ya kufundisha na kujifunza, imebeba tangu zamani swali ambalo dini na falsafa zimelijibu kwa njia tofauti: je, mwalimu humpa mwanafunzi kitu ambacho mwanafunzi hakuwa nacho, au humwezesha kukifikia kwa akili yake mwenyewe? Mbele ya mwalimu wa kawaida swali hili hufichika, kwa sababu muhtasari, ratiba na mtihani huwafanya wote waamini kwamba elimu ni mali iliyo mikononi mwa mmoja na inayogawiwa kwa wengi. Hujitokeza pale anapotokea mwalimu anayeuliza bila kujibu, anayefundisha jambo asilolijua, anayewafungulia darsa wale ambao jamii imewafungia mlango, au anayemtaka mwanafunzi anyamaze hadi wakati wake ufike. Walimu wa aina hii hawana mbinu moja inayowaunganisha, lakini wanaunganishwa na imani moja, kwamba aliye mbele yao anaweza kujua. Na thamani ya kazi yao hupimwa kwa kuangalia iwapo mwanafunzi aliondoka kwao akiwa na akili iliyo huru zaidi kuliko alivyokuja.

Ni vyema kutenganisha tangu mwanzo hali ya kutokuwa wa kawaida na vituko. Mwalimu anaweza kuchekesha, kuvaa kwa namna ya kushangaza au kuzungumza kwa ufasaha unaowateka wasikilizaji, na bado asibadilishe chochote katika uhusiano wa mwanafunzi na maarifa. Haiba, yaani ule mvuto wa nafsi unaowafanya watu wamfuate mtu kabla hawajapima anachosema, inaweza kuwasha hamu ya kujifunza, lakini pia inaweza kumfanya mwanafunzi ampende mwalimu badala ya kuupenda ukweli. Ugeni unaostahili kuchunguzwa ni ule unaogusa kiini cha ufundishaji: nani anahesabiwa kuwa na akili, nani ana haki ya kuuliza, na mamlaka ya mwalimu yanakoma wapi.

Mfano unaotajwa mara nyingi zaidi ni wa Sokrates, mwanafalsafa wa Athens aliyehukumiwa kifo na kunyweshwa sumu mwaka 399 kabla ya Kristo. Sokrates hakuacha maandishi, hakutoza ada, na alisisitiza kwamba hana hekima ya kumgawia mtu. Katika majibizano yaitwayo Meno, yaliyoandikwa na mwanafunzi wake Plato, anamwita kijana mtumwa asiyewahi kusoma jiometri na kumwonyesha mraba wenye upande wa futi 2, ambao eneo lake ni futi 4 za mraba, kisha anamuuliza mraba wenye eneo maradufu utakuwa na upande wa urefu gani. Kijana anajibu upesi kwamba upande nao uongezwe mara mbili, lakini akihesabu anaona kuwa eneo limefika 16. Anajaribu futi 3, anapata 9. Hatimaye anakiri kwamba hajui. Hapo Sokrates anamgeukia Meno, bwana wa kijana huyo, na kumwonyesha kuwa kijana amepata faida kubwa, kwa kuwa mtu anayedhani anajua hatafuti, ilhali anayetambua kuwa hajui ameshaanza safari. Maswali yanaendelea hadi kijana anaona kwamba mraba unaojengwa juu ya ulalo, yaani mstari unaounganisha pembe mbili zinazoelekeana, ndio wenye eneo la futi 8.

Plato aliutumia mfano huu kutetea nadharia ya ukumbusho, inayodai kwamba roho iliujua ukweli kabla ya kuzaliwa na kwamba kujifunza ni kukumbuka. Si lazima msomaji aikubali nadharia hiyo ili aone nguvu ya tukio lenyewe, ambapo mtu aliyedharauliwa kuliko wote waliokuwapo anatambua kwa akili yake jambo ambalo hakuna aliyemtajia kama amri. Hata hivyo, sharti ukosoaji wa aina mbili usikilizwe. Kwanza, maswali ya Sokrates yalikuwa yamepangwa na mtu aliyekwisha kujua jibu, hata inawezekana kusema kwamba kijana aliongozwa hatua kwa hatua hadi mahali palipokwisha kuchaguliwa. Pili, na hili ni zito zaidi, baada ya somo kijana anarudi katika utumwa wake, na katika majibizano yote hakuna anayeuliza inakuwaje mtu mwenye akili sawa na ya bwana wake awe mali ya bwana huyo. Akili yake ilitumika kuthibitisha hoja ya wengine. Haikutambuliwa kuwa msingi wa haki yake.

Ukosoaji wa kwanza ulipata jibu la ajabu zaidi ya karne 20 baadaye. Joseph Jacotot, Mfaransa aliyezaliwa Dijon mwaka 1770 na kulazimika kuihama nchi yake baada ya wafalme wa ukoo wa Bourbon kurudi madarakani, alianza mwaka 1818 kufundisha fasihi ya Kifaransa katika Chuo Kikuu cha Louvain, mji ambao leo uko Ubelgiji na wakati huo ulikuwa chini ya Ufalme wa Uholanzi. Wengi wa wanafunzi wake hawakujua Kifaransa, na yeye hakujua Kiholanzi, kwa hiyo hapakuwa na lugha ya kueleza chochote. Jacotot aliwapa toleo la lugha mbili la Télémaque, riwaya ya Fénelon iliyotoka mwaka 1699, akawaagiza kupitia mkalimani wajifunze maneno ya Kifaransa kwa kuyalinganisha na tafsiri, wayarudie tena na tena, kisha waandike kwa Kifaransa maoni yao kuhusu walichosoma. Alitarajia kazi dhaifu, lakini alipokea maandishi yaliyomfanya ajiulize upya maelezo ya mwalimu yana kazi gani.

Hitimisho la Jacotot lilikuwa kwamba maelezo, ambayo kwa kawaida huhesabiwa kuwa ndiyo roho ya ufundishaji, yana madhara yaliyofichika, kwa sababu kila yanapotolewa humfundisha mwanafunzi pia kwamba peke yake asingeweza kuelewa. Kumkomboa mwanafunzi kiakili, kwa maana aliyoikusudia, ni kumlazimisha aitumie akili yake na kumthibitishia kuwa anayo, naye mwalimu anaweza kulifanya hilo hata katika somo asilolijua, mradi ahakikishe kwamba mwanafunzi ametafuta kwa bidii na kwa uangalifu. Jacques Rancière, mwanafalsafa Mfaransa aliyekifufua kisa hiki katika kitabu chake cha mwaka 1987, alionyesha tofauti iliyopo kati ya Jacotot na Sokrates: swali la anayejua jibu hupima umbali uliobaki kati ya mwanafunzi na mwalimu, ilhali swali la asiyejua humwachia mwanafunzi njia yake. Dai la kwamba akili za watu wote ni sawa haliwezi kuthibitishwa kama kanuni ya hesabu inavyothibitishwa, na Jacotot hakulitumia hivyo. Kwake lilikuwa jambo la kuanzia kazi, na matokeo ya kulianzia hapo yalikuwa tofauti kabisa na matokeo ya kuanzia kwenye dharau.

Mawazo haya yana mizizi hata katika theolojia ya Kikristo. Augustino, mzaliwa wa Thagaste katika Afrika ya Kaskazini, aliandika mwishoni mwa karne ya 4 majibizano juu ya mwalimu kati yake na mwanawe Adeodatus, akihoji iwapo maneno yanaweza kweli kubeba maarifa kutoka nafsi moja hadi nyingine. Alionyesha kwamba msikilizaji anayesikia neno ama tayari anajua kinachotajwa, na hivyo neno humkumbusha tu, ama hakijui, na hivyo neno humwachia sauti isiyo na maana hadi atakapokiona kitu chenyewe. Kutokana na hoja hiyo alisema kuwa hakuna mzazi anayempeleka mtoto shuleni ili ajue mwalimu anawaza nini; mtoto hupelekwa ili aupime ukweli, naye huupima ndani ya nafsi yake, ambamo, kwa imani ya Augustino, Kristo ndiye Mwalimu wa kweli. Kwa mtazamo huo, mwalimu wa nje ana cheo cha shahidi, na unyenyekevu wake unatokana na kukiri kwamba nuru si yake.

Ukosoaji wa pili, unaohusu hatima ya mtumwa baada ya somo, unapata jibu lake kwa matendo katika Pwani ya Waswahili. Mwishoni mwa karne ya 19, Habib Saleh bin Alawi Jamalilayl, sharifu mwenye asili ya Visiwa vya Ngazija, yaani mtu wa ukoo unaonasibishwa na Mtume Muhammad, aliweka makazi yake Langoni, upande wa mji wa Lamu walikoishi wanyonge, akawafundisha watumwa na wageni maskini elimu ya dini ambayo waungwana wa mji waliihesabu kuwa urithi wa koo zao. Msikiti na chuo cha Riyadha vilivyotokana na kazi yake vilipingwa na baadhi ya wakubwa wa mji, si kwa sababu ya darsa pekee bali pia kwa sababu ya maulidi yaliyosomwa kwa kupigiwa matari. Utumwa ulikuwa bado unatambuliwa na sheria katika pwani ya Kenya, hadi ulipofutwa mwaka 1907. Hapa somo halikumrudisha mwanafunzi mahali pake pa zamani, kwani mtu aliyejua kusoma, kuswalisha na kufundisha hakuweza tena kuhesabiwa kuwa mtu asiye na neno. Na ndiyo sababu waliopinga waliona, pengine kwa uwazi kuliko hata waliounga mkono, kwamba kumfundisha mnyonge ni kuupanga upya mji mzima.

Mtu anaweza kudhani kutokana na mifano hiyo kwamba mwalimu mwema siku zote humwachia mwanafunzi uhuru wa kusema na kuuliza. Qurani, katika Sura ya Al-Kahf, aya ya 60 hadi ya 82, inaleta kisa kinachoufanya mjadala kuwa mgumu zaidi. Nabii Musa anamtafuta mja mmoja aliyepewa elimu maalumu na Mwenyezi Mungu, ambaye mapokeo ya Kiislamu humwita Khidhri, naye anamkubali kwa sharti kwamba asimuulize jambo lolote mpaka mwenyewe alieleze. Khidhri anaitoboa jahazi ya watu waliowabeba, anamuua kijana, kisha anausimamisha ukuta uliokaribia kuanguka katika mji ulionyima wageni chakula. Na kila mara Musa anashindwa kunyamaza, kwa kuwa dhamiri yake na sheria aliyopewa haziwezi kuyapitisha mambo hayo kimya. Ndipo Khidhri anatangaza kuachana, na kabla ya kuachana anamweleza sababu: jahazi ilitiwa dosari ili mfalme mporaji asiitwae kwa maskini wenyewe, kijana angewatumbukiza wazazi wake waumini katika uasi, na chini ya ukuta kulikuwa na hazina ya mayatima wawili.

Kisa hiki kinafundisha adabu, yaani unyenyekevu wa anayetambua kwamba juu ya kila mwenye elimu yuko ajuaye zaidi, na kwamba yapo mambo ambayo haraka ya kuuliza huyaharibu kabla hayajaiva. Lakini ndicho pia kisa kinachoweza kutumiwa vibaya na mtu anayejidai kuwa na siri za kiroho ili anyamazishe wanaomtilia shaka, na kwa hiyo mipaka iliyomo ndani yake inahitaji kutazamwa kwa makini. Musa alikwenda kwa hiari yake na sharti aliambiwa mapema. Kunyamaza kuliwekewa mwisho, na mwishoni kila tendo likaelezwa. Naye mwalimu alikana kwamba alitenda kwa amri yake mwenyewe. Wanazuoni wamesisitiza kwamba hakuna anayeweza kukifanya kisa hicho kisingizio cha kuivunja sheria. Mwalimu anayedai ukimya usio na mwisho, asiyetoa maelezo na anayejifanya chanzo cha mamlaka, hana nasaba na Khidhri hata kama anaiga lugha yake.

Imam Al-Ghazali, aliyeuacha mwaka 1095 wadhifa wa kufundisha katika madrasa ya Nidhamiyya ya Baghdad baada ya kuona kwamba alikuwa akifundisha kwa ajili ya sifa, anasaidia kuiweka mizani hii sawa. Katika kitabu cha kwanza cha andiko lake kubwa la Ihya anamtaka mwanafunzi amtii mwalimu kama mgonjwa anavyomtii tabibu stadi, na anakitaja kisa cha Musa kama ushahidi. Lakini mara moja anageuka na kumwekea mwalimu wajibu wake, kwamba awapende wanafunzi kama wanawe, asiwafedheheshe hadharani, awape kwa kadiri ya ufahamu wao, asiwadharaulishe elimu nyingine, na kubwa zaidi, atende anayoyafundisha. Utiifu, kwa hiyo, unahalalishwa na maadili ya yule anayetiiwa, na unapoteza uhalali wake pale anapoutumia kwa faida yake.

Katika madarasa ya Afrika Mashariki ya leo, ambamo mwalimu mmoja mara nyingi huwakabili wanafunzi wengi huku mtihani wa taifa ukisubiri, ni rahisi kudai kwamba mambo haya ni ya watu wachache wenye vipaji. Mwaka 1967, katika andiko lake la Elimu ya Kujitegemea, Julius Nyerere, ambaye taifa lilimwita Mwalimu, alikwisha kuonya kuhusu elimu inayoheshimu vitabu na mitihani kupita kiasi, akataka shule zikuze akili yenye kudadisi. Hilo halihitaji kipaji cha pekee. Mwalimu wa hisabati anaweza kuliacha kosa liishi darasani hadi mwenye kulifanya aligundue, kama lilivyoachwa la kijana wa Meno; wa lugha anaweza kumpa mwanafunzi matini na kumtaka aseme anachokiona kabla ya kuelezwa; wa dini anaweza kumwomba mwanafunzi avumilie swali hadi mwisho wa sura, kwa ahadi ya kulijibu na kwa uaminifu wa kuitimiza. Kila mmoja wao anaweza kumtambua yule anayekaa nyuma, ambaye wenzake wamemzoea kama mtu asiyejua, na kumuuliza kwa namna inayoonyesha kwamba jibu lake linatarajiwa.

Ikiwa hoja hizi ni sahihi, mwalimu asiye wa kawaida hapaswi kupimwa kwa idadi ya wanaomsifu wala kwa miaka ambayo jina lake linakumbukwa. Anapimwa kwa yule mwanafunzi ambaye, akiwa mbali naye na mbele ya swali ambalo hawakuwahi kulijadili, anadiriki kulifikiri hadi mwisho, anakubali kukosea, na hamdharau mwingine anayelifikiri polepole kuliko yeye. Mwalimu aliyeliwezesha hilo amefundisha, hata kama alinyamaza, hata kama hakulijua somo. Na asiyeliwezesha bado ana kazi mbele yake, hata kama wanafunzi wake wote wamefaulu.