Kuvu na Mwani: Ile "Nasali Kivyangu" Ina Shida



Kuna maneno nayasikia sana siku hizi hapa Arusha, kwenye daladala, kwenye magrupu ya WhatsApp, hata nje ya kanisa baada ya Misa: "Mimi na Mungu wangu tunaelewana. Jumuiya siendi, nasali kivyangu." Anayesema hivyo mara nyingi si mtu mbaya. Ana rozari mfukoni, anasikiliza mahubiri mtandaoni, anasoma blogu kama hii. Ila jumuiya imemchosha: wazee wengi, michango haiishi, na akitoa wazo anaambiwa bado mtoto.

Leo nataka tumjibu. Nitaanzia mbali kidogo, kwenye magome ya miti ya Mlima Meru.

Ukipanda Meru kutoka lango la Momella, unapita kwenye msitu wenye ukungu na unyevunyevu. Wengi macho yetu yako kwa twiga, mbega, na kile kilele cha mita zaidi ya 4,500. Mwezi uliopita nilienda na vijana wa parokia, na tulipokaa kupumzika tukaona mti wenye mabaka kwenye gome: mengine ya kijivu, mengine ya kijani iliyofifia, yamegandamana na gome kama ukoko kwenye sufuria. Binti mmoja akauliza, "Huu mti unaumwa?"

Hauumwi. Ile ni kuvumwani, na jina lenyewe limeshajieleza: kuvu na mwani. Tunaona kitu kimoja, kumbe ni viumbe wa aina mbili wanaoishi pamoja. Mwani wake si ule wa baharini unaolimwa Zanzibar. Ni mdogo sana, huwezi kuuona kwa macho matupu. Huo mwani unatumia mwanga wa jua kutengeneza chakula. Kuvu haiwezi kujitengenezea chakula. Kazi yake ni kujenga nyumba: inashika gome, inatunza maji ya mvua na ukungu, inaukinga mwani na jua kali. Na haiunyonyi mti. Mti umewapa mahali pa kushika tu.

Mwaka 1867 mtaalamu wa mimea kutoka Uswisi, Simon Schwendener, alipoeleza kwamba kuvumwani ni viumbe wawili, wataalamu wengi wa wakati wake walimpinga. Walishazoea kuiona kama kiumbe kimoja kinachojitegemea. Kumbe kilichowadanganya ni ushirika wenyewe, ulivyoshikana hadi hauonekani.

Ndugu yangu, unaona ninapoelekea. Hata imani yako unayoiita "yako" ina watu ndani yake. Kuna aliyekupeleka ubatizo ukiwa mchanga. Kuna katekista aliyekufundisha ishara ya msalaba. Kuna bibi aliyekuwa anakutaja kila jioni kwenye rozari bila wewe kujua. Hakuna hata mmoja wetu aliyejibatiza. Mtume Paulo, katika sura ya 12 ya Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, anatuonyesha kwamba kiungo cha mwili hakiwezi kukiambia kingine kuwa hakihitajiki, na kwamba vile vinavyoonekana dhaifu ndivyo vya lazima zaidi. Naye Papa Fransisko, katika *Laudato Si'* ya mwaka 2015, namba 34, anavitaja hata kuvu na mwani kati ya viumbe ambavyo uumbaji hauendi sawa bila hivyo.

Sasa turudi kwenye jumuiya. Wazee wetu, wanisamehe, ndio kuvu. Wameshika gome miaka mingi. Wanajua nani anaumwa, nani kalala na njaa, ndoa ya nani inayumba. Sisi vijana ndio mwani: tuna nguvu, tuna sauti za kwaya, tuna mawazo mapya. Jumuiya ya wazee watupu inakufa njaa taratibu. Na kijana aliyejitenga anakauka, hata kama bando lake halijaisha. Blogu hii inaweza kukupa tafakari, lakini ukiugua haiwezi kukuletea uji.

Na ninyi wazee mnaotusoma, shikamooni. Lipo na lenu. Kuvu inaufunika mwani, lakini inaacha mwanga upite. Ikiuziba kabisa, wote wawili watakufa. Mtufunike, ila mtuachie mwanga. Kijana akileta wazo, lisikilizwe kwanza.

Mwingine atasema, "Basi nitajiandikisha, nisije nikakosa wa kunizika." Hapana! Usiifanye jumuiya kuwa bima ya msiba. Nenda ukiwa mzima, ukiwa na kitu cha kutoa.

Tena usitegemee kuzoeana Jumamosi moja. Kuvumwani nyingi za namna hii hukua chini ya milimita 1 kwa mwaka. Ukienda leo ukajisikia mgeni, nenda tena.

Zoezi la wiki hii:
1. Ulizia jumuiya yenu inasali wapi na saa ngapi, kisha fika.
2. Msalimie mzee mmoja, umuulize habari zake, umsikilize hadi amalize.
3. Chukua kazi moja ndogo: kusoma somo, kuanzisha wimbo, au kubeba viti.

Tusali: Ee Mungu Baba, uliyeunganisha viumbe wadogo kwenye gome la mti ili waishi, utuunganishe na sisi. Utuondolee kiburi cha kujitosheleza. Uwape wazee wetu uvumilivu, nasi vijana unyenyekevu, tukae pamoja katika Mwanao, Kristo Bwana wetu. Amina.

Tukutane jumuiyani. Tumsifu Yesu Kristo!