Miezi Sita Mbele

Nyumba ninayopanga Mbalizi ina vyumba kumi, na hakuna mpangaji kati yetu aliyewahi kumwona mwenye nyumba. Tunajua anaishi Dar es Salaam. Tunajua pia ana nyumba nyingine, maana kijana wa ofisi inayomsimamizia huja na daftari lenye majina mengi kuliko yetu. Kodi tunalipa kwa simu, na ukiwa na tatizo unapiga ofisini. Mwanzoni niliona ni neema. Nimekulia nyumba za kupanga ambako mama mwenye nyumba alihesabu ndoo zetu za maji na kuuliza mgeni wetu ataondoka lini. Hapa hakuna anayejua nimerudi saa ngapi kutoka chuoni.

Nasoma shahada ya uzamili Mbeya mjini. Mbalizi nilikuja kwa sababu ya bei: chumba elfu hamsini kwa mwezi, na daladala za mjini hazikosekani kwenye barabara ya Tunduma. Elfu hamsini ni bei ya kutajiwa tu. Kuingia nilitoa laki tatu, yaani miezi sita mbele, na juu yake mwezi mmoja wa dalali.

Februari paa la upande wa nyuma lilianza kuvuja, na choo tunachotumia wote kikajaa. Tulipiga simu. Tukaambiwa limepokelewa, linafanyiwa kazi. Tukapiga tena wiki iliyofuata, likawa bado linafanyiwa kazi. Jioni moja tukiwa barazani, dereva bodaboda wa chumba cha pili alisema tugome kulipa kodi. Jirani yake akamwuliza, bila hata kuinua macho kwenye simu: "Ugome kulipa nini, na wewe umeshalipa mpaka Juni?"

Tulicheka. Lakini kauli ile nimeifikiria kuliko nilivyoifikiria sura ya pili ya tasnifu yangu. Tukizungumzia haki kati ya mpangaji na mwenye nyumba, kawaida tunauliza nani ana makosa. Kuhusu paa letu jibu lilikuwa linadondoka kwenye godoro. Kilichobaki ni swali la kawaida kabisa, ambalo nadhani ndilo la kimaadili zaidi: wakati ugomvi unaendelea, pesa iko mkononi mwa nani?

Kuna kesi ya Marekani ambayo wanaosoma sheria huifahamu, Javins dhidi ya First National Realty. Wapangaji wa majengo ya ghorofa ya Clifton Terrace, Washington, walishitakiwa na kampuni iliyomiliki majengo hayo ili waondolewe, kwa kuwa hawakulipa kodi ya Aprili 1966. Walijitetea kwamba majengo yana kasoro karibu 1,500 kinyume cha kanuni za nyumba za jiji. Mahakama ya chini ikaona kasoro hizo hazihusiani na kodi. Mwaka 1970 mahakama ya rufaa ikasema zinahusiana. Hoja yake ingeeleweka hata kwa mkulima wa Utengule: sheria ya zamani ya upangaji ilitungwa kwa ajili ya mtu anayekodi shamba, ambaye anachotaka ni ardhi, na kibanda kikivuja atakiezeka mwenyewe. Mpangaji wa mjini hakodi ardhi. Anakodi kuta, mwanga, maji, choo na mlango unaofungika. Vitu hivyo visipokuwepo, anacholipia ni nini?

Kilichonivutia zaidi ni jambo dogo ndani ya hukumu hiyo. Mahakama ilisema kwamba, wakati shauri linasikilizwa, mpangaji anaweza kutakiwa kuiweka kodi yenye mgogoro mahakamani. Asiile yeye, na mwenye nyumba asiipate bado. Pesa inakaa mahali pa tatu mpaka ukweli ujulikane.

Wapangaji wa Clifton Terrace waliweza kufika huko kwa sababu walilipa mwezi kwa mwezi. Kila mwezi walikuwa na kitu cha kuzuia. Sisi silaha yetu tuliikabidhi siku ile ile tuliyokabidhiwa ufunguo.

Watu wengi hudhani Tanzania sheria iko kimya. Haiko kimya. Sheria ya Ardhi ya 1999, kifungu cha 88, inaweka ndani ya kila mkataba wa pango ahadi za mwenye nyumba, hata kama mkataba wenyewe ni ukurasa mmoja wa steshenari usiozitaja: kwamba mpangaji atakaa bila kubughudhiwa, kwamba aliyepangishwa sehemu tu ya jengo atatunziwa paa, kuta kuu na mifereji mikuu, kwamba chumba cha kuishi kitafaa binadamu kuishi. Njia ya kudai nayo ipo. Unaanza baraza la kata, ambalo tangu marekebisho ya 2021 kazi yake ni kupatanisha tu. Likishindwa ndani ya siku 30, unaendelea Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na ukiwa na pumzi, Mahakama Kuu.

Sasa piga hesabu. Siku 30 za usuluhishi, kisha nauli za kwenda mjini, kisha tarehe, kisha tarehe nyingine. Mkataba wa miezi sita unaweza kwisha kesi haijaanza kusikilizwa vizuri, na mwenye nyumba hahitaji kushinda. Anahitaji kusubiri tu, huku pesa yako iko kwake. Mzee mmoja hapa kwetu alinipa methali ya aliye juu mngoje chini. Nilimwambia, kwa heshima zote, kwamba aliyeitunga hakuwa amelipa miezi sita.

Nchi hii iliwahi kuliona jambo hili kwa jicho kali sana. Azimio la Arusha la 1967 lilimkataza kiongozi kuwa na nyumba ya kupangisha, likiweka jambo hilo kwenye masharti yale yale ya kutomiliki hisa kwenye kampuni. Mwaka 1971 serikali ikatwaa majengo ya kupangisha yenye thamani ya kuanzia shilingi 100,000, yakawekwa chini ya Msajili wa Majumba, ambaye mwaka 1990 aliunganishwa na Shirika la Nyumba la Taifa. Mwaka uliofuata Azimio la Zanzibar likalegeza masharti ya viongozi. Sheria ya 1984 ya kudhibiti kodi za pango ikafutwa 2005. Sitamani kurudi 1971. Waliotwaliwa nyumba walikuwa na machungu yao, na serikali haikuthibitika kuwa baba mwenye nyumba bora. Lakini tuliruka kutoka kuona kupangisha ni unyonyaji hadi kuona ni jambo la watu wawili kumalizana wenyewe, na katikati hapo sijui kama tuliwahi kukaa tukajiuliza lini linakuwa la haki.

Naomba nieleweke, wenye nyumba si majambazi. Nawafahamu walimu wastaafu waliojenga kwa kiinua mgongo, tofali baada ya tofali, na kodi ya miezi sita ndiyo iliyonunua bati za vyumba vilivyobaki. Benki haiwakopeshi kirahisi, hivyo mpangaji ndiye benki. Nao wameumizwa: kuna wapangaji wanaohama usiku na kuacha deni la umeme na kitasa kilichong'olewa. Mwenye nyumba akidai kinga, anadai kitu halali. Ila kinga dhidi ya mtu anayeweza kukimbia na mwezi mmoja ni mwezi mmoja, tuseme miwili. Mingine inayobaki ni mkopo usio na riba ambao mkopaji anamwekea masharti mkopeshaji, na akichoka naye anamfukuza.

Halafu kuna ofisi. Zamani ukimkosa mwenye nyumba barazani unamkuta kanisani au msikitini, na aibu ilifanya kazi ambayo sheria haikufanya. Paa likivuja alisikia ndoo zikigonga kwa sababu alilala chini ya paa hilo hilo. Sitaki kuupamba wakati huo, maana aibu hiyo hiyo ndiyo iliyomziba mpangaji mdomo. Utamshitakije mtu unayemwita baba? Ofisi imeondoa ubaba huo, na ningetarajia kwamba mlango wa kulalamika ungefunguka. Lakini nilipomwuliza yule kijana kuhusu paa, aliniambia: "Kaka, mimi nimetumwa tu."

Mjumbe hauawi, na sina nia ya kumwua. Analipwa kidogo kuliko anavyotukanwa. Ila mjumbe tunamsamehe kwa sababu anabeba maneno ya pande zote mbili. Ofisi hii inabeba pesa kwenda Dar, na kurudi haibebi kitu. Kisheria kisingizio hicho hakina nguvu: Sheria ya Mikataba inamfunga aliyetuma kwa yale wakala wake anayofanya ndani ya madaraka aliyompa, hivyo tuliyemlalamikia wakala tumemlalamikia mwenyewe. Kimaadili naona ni zaidi ya hapo. Mtu akimweka mwingine katikati ili asisikie malalamiko, kutosikia kwake ni jambo alilolichagua na kulilipia.

Machi tuliandika barua. Niliiandika mimi, kwa kuwa ndiye niliyeonekana nina maneno, nikataja kifungu cha 88 na tarehe za simu tulizopiga. Nakala moja tuliipeleka kwa mwenyekiti wa kitongoji. Vyumba vinane vilitia saini. Mama mmoja muuza viazi sokoni, mwenye watoto watatu shuleni, alikataa. Nilimweleza kwamba barua ikiwa na majina yote kumi hakuna atakayeonekana kuwa mchochezi. Akaniambia, bila hasira: "Wewe mwanangu utamaliza chuo utaondoka. Mimi wakinipa notisi, hawa wataenda shule kutokea wapi?"

Nimesoma mengi kuhusu ujasiri wa kudai haki, na karibu yote yameandikwa na watu wanaoweza kuhama. Mimi naweza kuhama. Vitu vyangu vinaenea kwenye bajaji moja. Kwa yule mama, kuhama ni miezi sita mingine ya kulipa kwa mkupuo, pesa ya dalali, na uhamisho wa watoto watatu. Kodi ya mbele inamfunga mara mbili: inamnyima cha kuzuia akiwa ndani, na inamwekea ukuta akitaka kutoka. Ndiyo maana siamini kwamba nilikuwa na haki ya kumbembeleza zaidi. Mtu anayedai haki kwa niaba ya wengine anatumia mtaji wao, na lazima awe tayari kuambiwa hapana. Wa pili aliyekataa hakutoa sababu, na sikumwuliza.

Aprili fundi alikuja, choo kikanyonywa, paa halikuguswa. Mvua zikaisha zenyewe na ofisi ikapata ahueni ambayo haikuitolea jasho. Sasa ni Juni, baridi imeingia, na mikataba mipya imeletwa: elfu sitini kwa mwezi, miezi sita mbele kama kawaida, na kipengele kipya kwamba matengenezo madogo ni juu ya mpangaji. Udogo wenyewe haukuelezwa.

Sisi saba tumerudisha mikataba bila saini, tukiambatanisha pendekezo: tulipe miezi miwili miwili, na kodi ya mwezi wa kwanza ikae kwa mwenyekiti wa kitongoji mpaka paa litengenezwe kabla ya mvua za Novemba. Mwenyekiti amekubali kuishika, ingawa amesema hajawahi kuona kitu kama hicho na ametaka tuandikiane mbele ya mashahidi. Ofisi imesema itawasiliana na mwenyewe. Yule wa nane amelipa miezi yake sita, ana harusi Julai na hataki usumbufu. Mama muuza viazi naye amelipa yote. Juzi aliniletea nakala ya mkataba wake wa zamani, wa kabla ofisi haijaja, ambao ulisema wazi kwamba paa ni la mwenye nyumba. Jina lake alikuwa amelifunika kwa karatasi kabla ya kutoa kopi.