Naomi Arudi Kwao

Kitabu cha Ruthu chasimulia habari za Naomi, aliyeihama Betlehemu kwa sababu ya njaa, akakaa nchi ya Moabu yapata miaka kumi. Aliporudi, hali mume na wana wamekwisha kufa, wanawake wa mji waliulizana kama ndiye yeye kweli.

Yaliyompata Naomi yamewapata wengi wa Kalemie. Waliovuka ziwa mwaka 1996 kwenda Kigoma waliiacha nchi ikiitwa Zaire. Mwaka uliofuata jina hilo likafutwa. Aliyekaa kambini Nyarugusu hata baada ya mwaka 2015, akirudi haikuti tena Katanga, bali jimbo la Tanganyika. Hayo ni majina tu, na mtu huyazoea. Lililo zito ni hili: akibisha mlangoni pake, huenda akafunguliwa na mgeni, naye mgeni huyo ni mkimbizi pia, aliyetolewa kijijini kwake na vita vya Watwa na Waluba, vilivyoleta watu wengi Kalemie mwaka 2017. Nani amtoe nani?

Maandiko hayasemi kwamba Naomi alimfukuza mtu shambani. Ruthu, aliye mgeni, aliokota masazo nyuma ya wavunaji wa Boazi, wakala wote wawili. Kisha neno la shamba la marehemu Elimeleki likaamuliwa langoni, mchana, mbele ya wazee kumi walioketi.