Kazi Uliyokwisha Kuitoa kwa Watu

Mtu akimpa jirani yake mbuzi, mbuzi huyo hutoka katika zizi lake akaingia katika zizi la jirani. Akimtaka tena kesho, watu watamcheka, kwa sababu kilichotolewa kimekwisha kutoka. Lakini viko vitu vya namna nyingine, ambavyo mtu huvitoa navyo visiondoke mikononi mwake. Mwenye kufundisha hesabu hapungukiwi na hesabu, wala mwenye kuimba hapotewi na wimbo wake. Katika vitu vya namna hii swali la kurudisha ni gumu zaidi. Mtoaji aweza kusema, "Hiki bado ni changu," na mpokeaji akajibu, "Lakini mimi nimekwisha kujenga juu yake," na wote wawili wakawa wamesema kweli.

Swali hili si la wazee na wanasheria peke yao. Siku hizi lamfikia kijana wa umri wako, msomaji, na hata mtoto aliye mdogo kuliko wewe. Uko uwanja katika intaneti uitwao Scratch, uliotengenezwa katika chuo cha MIT huko Marekani na kufunguliwa kwa watu wote mwaka 2007, kusudi watoto wajifunze kuandika programu za kompyuta. Hapo mwanafunzi huchukua vipande vya amri vyenye rangi, ambavyo vyaweza kusomwa hata kwa Kiswahili, akavipanga kama mwashi apangavyo matofali, na paka wa rangi ya chungwa hutembea au husema kama alivyoamriwa. Akimaliza mchezo au hadithi yake, aweza kuiweka hadharani. Tangu hapo mtu yeyote aweza kuifungua aone jinsi ilivyojengwa, na kuchukua nakala aigeuze apendavyo, mradi amtaje mtengenezaji wa kwanza, na kazi mpya nayo iwe wazi kwa wengine kwa masharti yale yale.

Mwenye kazi aweza pia kuiondoa hadharani wakati wowote. Hahitaji hakimu wala shahidi. Kidole kimoja chatosha. Lakini nakala zilizokwisha kugeuzwa na wengine haziondoki pamoja nayo. Basi uwezo wa kuondoa upo, ingawa una mpaka wake. Uwezo wa kutenda jambo, hata hivyo, si ushahidi kwamba jambo hilo lafaa kutendwa. Ili tujue lifaapo na lisipofaa, yatupasa tutazame sababu zinazomsukuma mtu.

Sababu ya kwanza ni usalama na heshima. Huenda mtoto ameweka katika kazi yake sura yake, jina la shule yake au nambari ya simu ya mamaye. Huenda ameweka mzaha unaomdhalilisha mwenzake, au ametumia kazi ya mtu mwingine bila kumtaja. Hapa hakuna shaka: kinachodhuru na kiondolewe mara moja. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 31, yampa kila mtu haki ya faragha, na Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 yampa mtu njia ya kuomba habari zake zifutwe pale zinaposhikiliwa pasipo haki. Aliyemdhalilisha mwenzake na aombe radhi pia, kwa maana kufuta picha hakufuti maumivu.

Sababu ya pili ni aibu. Kijana wa miaka kumi na sita aitazama kazi aliyoitengeneza alipokuwa na miaka kumi, aona paka apita ndani ya ukuta na hesabu ya alama imekosewa, naye atamani kuifuta asije akachekwa. Tamaa hii yaeleweka. Mtu anayekua asifungwe daima na alichokifanya utotoni, na ukimwona mwenzako ameondoa kazi yake kwa sababu hii, usimlaumu. Lakini wewe mwenyewe, kabla hujaifuta yako, fikiri kidogo. Aibu ya kutenda uovu na aibu ya kutojua si aibu moja. Ya kwanza yadai toba, ya pili haidai kitu ila kuendelea kujifunza. Tena mwanafunzi mgeni akikuta kazi za mabingwa tu, hustaajabu, kisha hukata tamaa, kwa sababu haoni pa kuanzia. Akikuta kazi yenye kasoro aelewazo, huthubutu kuirekebisha, na katika kuirekebisha hujifunza. Ngazi yenye vipandio vya juu peke yake haimpandishi mtu.

Sababu ya tatu ni hasira, nayo ndiyo ya kuogopwa kuliko zote. Mwezi wa Machi mwaka 2016 jambo moja lilitokea miongoni mwa watengenezaji wa programu duniani. Azer Koçulu alikuwa ameweka programu zake nyingi katika ghala la pamoja liitwalo npm, ambamo watu huchukua vipande vya kujengea programu zao. Kampuni moja ililitaka jina la mojawapo ya programu hizo, na wenye ghala wakaipa jina hilo bila ridhaa yake. Aliudhika, akaondoa kazi zake zote, zaidi ya 270. Mojawapo ilikuwa na mistari 11 tu, na kazi yake ilikuwa kuongeza nafasi tupu upande wa kushoto wa maandishi. Kumbe maelfu ya programu nyingine ziliitegemea, na wengi wa wenyewe hawakujua. Kwa muda programu hizo hazikuweza kujengwa, mpaka wenye ghala walipoirudisha mistari ile.

Tumhukumuje? Yawezekana alidhulumiwa, na mtu aliyedhulumiwa ana haki ya kujitenga na waliomdhulumu. Vilevile wale waliotegemea kitu cha mwingine bila kuweka akiba yao hawakosi lawama. Hata hivyo wengi wa walioumia hawakuwa na neno naye. Jambo hili ni kama la mtu mwenye kisima shambani mwake, ambaye kwa miaka amewaruhusu majirani wateke maji. Kisima ni chake, na aweza kukifunga. Lakini akikifunga usiku kwa sababu amegombana na mmoja wao, na alfajiri kina mama wakafika na mitungi wakakuta kufuli, hawezi kujitetea kwa kusema tu kwamba kisima ni chake. Ruhusa yake ya miaka mingi iliwafanya wengine wapange maisha yao kwa kuitumainia. Aliyemfanya mwenzake atumaini ana deni kwake, japo deni hilo halikuandikwa.

Basi, msomaji, utakapotaka kuondoa kazi uliyoitoa, jiulize maswali matatu. Je, yamdhuru mtu, au yaniaibisha tu? Ni nani aliyejenga juu yake? Je, nimewapa habari na nafasi ya kujiandaa? Kama ni madhara, usingoje. Kama ni hasira, ngoja mpaka ipoe. Ukiamua kuondoa, jiwekee nakala, waarifu waliokuwa wakiitumia, wala usimtake mwenzako afute alichokijenga kwa halali kutokana na yako.

Na lililo bora kuliko hayo yote ni kufikiri kabla ya kutoa. Maji yakimwagika hayazoleki, na nakala iliyokwisha kuchukuliwa na wengine hairudi kwa kuitwa. Itazame kazi yako vizuri, ondoa siri zako na za watu wengine, wataje waliokusaidia, kisha uitoe kwa moyo mweupe. Kasoro zilizobaki zisikutishe. Yupo mtoto asiyekujua ambaye kesho ataifungua, aone ulipokosea, na aanzie hapo.