Kutangulia Kufika

Huku kwetu Himbi, mjini Goma, kichochoro cha kushukia ziwani kimefungwa. Kilikuwa na upana wa kupitisha chukudu moja, kile kigari cha mbao cha magurudumu mawili, kati ya kuta mbili za mawe ya lava, na akina mama na watoto wenye bidoni za maji za njano walikipita tangu kabla ya kuta hizo kujengwa. Sasa umeinuka ukuta wa tatu. Majirani walipokutana kulizungumza jambo hilo, mwenye parseli ya ardhi na ukuta huo, mzee mmoja, alikuja na hati zake ndani ya bahasha, lakini hata hakuifungua. Alisema tu kwamba wanaolalamika ni watu wa juzi, wameletwa na vita, na kwamba mji ni wa waliotangulia kufika. Ukuta ningeuvumilia. Hoja hiyo imenishinda kuimeza.

Mji ni nini, wataalamu walikwisha kutuambia. Louis Wirth, mwaka 1938, alitaja wingi wa watu, msongamano wao na tofauti zao. Gordon Childe, mwaka 1950, akaorodhesha alama kumi, kuanzia ukubwa wa makazi hadi majengo ya umma na maandishi. Sawa, tukubali yote. Kwa kipimo chochote kile Goma ni mji. Kinachonisumbua ni haki ya kuhesabiwa mtu wa mji: mtu huipata wapi?

Wapo waliosema kikaoni kwamba ukuta ni kinga dhidi ya majambazi wa usiku, na kwa Goma ya leo hakuna wa kuwabishia. Wapo waliosema watu wakijaa bila mpango hufuata kipindupindu, na aliyeiona Julai 1994, wakimbizi wapatao milioni moja walipovuka kutoka Rwanda na maelfu wakafa kwa ugonjwa huo, anajua hilo si porojo. Hayo nayaacha yalivyo.

Nirudi kwa kutangulia. Hesabu yake inaanzia wapi? Goma ilianza kama kituo kidogo cha Wabelgiji mwanzoni mwa karne ya 20, kikitazamana na kituo cha Wajerumani pale Kisenyi, upande wa Rwanda. Kabla ya Mzungu walikuwapo Wakumu na Wahunde na watu wengine wa kandokando ya ziwa. Hadhi kamili ya mji ilipatikana mwaka 1988, mwaka Kivu ya zamani ilipogawanywa na Kivu Kaskazini ikazaliwa. Wengi wanaojiita wenyeji wa Himbi ni watoto wa wafanyabiashara na watumishi waliotoka Bukavu, Butembo, Masisi au Rutshuru, na tarehe ya babu yao kuteremka kwenye lori inajulikana. Mama mmoja anayeuza sambaza alimuuliza mzee yule kwa heshima zote: "Papa, na ninyi mulifika mwaka gani?" Hakujibiwa. Na hata hao sambaza wake, ambao hapa tunawaita samaki wetu, waliletwa Ziwa Kivu kutoka Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950. Sijasikia mtu akiwakataa mezani kwa kuwa ni wageni.

Hoja ya kutangulia ina tabia ya kusimama pale pale anapotaka msemaji. Ikirudi nyuma mwaka mmoja zaidi, inamtoa yeye mwenyewe nje. Sultani Majid wa Zanzibar alipoanza kujenga Dar es Salaam miaka ya 1860, Mzizima ilikuwapo tayari na watu wake. Reli ilipofika Nairobi mwaka 1899, Wamasai walikuwa wakinywesha ng'ombe pale. Katika miji hiyo miwili waliotangulia kweli ndio waliosukumwa pembeni, na waliowasukuma ndio walioanza kuhesabu miaka. Basi tukisema haki ni ya aliyetangulia, tunasema kweli ni ya aliyeshika kalamu ya kuandika tarehe ya kwanza.

Na kalamu yenyewe imesema nini? Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 inasema ardhi ya Kongo ni mali ya Serikali. Raia hupewa haki ya kuitumia. Kwa hiyo bahasha ile, ingefunguliwa, isingethibitisha kwamba mzee alitangulia. Ingethibitisha kwamba alipewa. Sheria hiyo hiyo iliahidi kwamba ardhi za kimila zingepangiwa utaratibu kwa amri ya Rais, na amri hiyo tunaisubiri mpaka leo. Waliotangulia kuliko wote ndio ambao karatasi imewaacha mlangoni. Isitoshe, ukuta wa tatu umejengwa kwa mawe yaliyopondwa kwa nyundo, jiwe moja moja, na watu wale wale wanaoitwa wa juzi. Walipokuwa wakiyaponda, hakuna aliyewauliza mwaka wa kufika.

Karatasi iliwahi kushindwa hapa hapa mjini: tarehe 17 Januari 2002 volkano ya Nyiragongo ilipasuka, lava ikapita katikati ya mji hadi ziwani. Ilifunika sehemu ya uwanja wa ndege, ikaliangusha kanisa kuu la Mtakatifu Yosefu, ikawaacha watu wapatao 120,000 bila makao. Kila nikifika mtaa uliofunikwa na lava nawaza jambo moja, hata kama linanitoa njiani. Hati ya parseli inataja kipande cha ardhi. Ardhi hiyo sasa iko chini ya mwamba, na mwenye hati amesimama juu ya ardhi mpya isiyotajwa popote. Je, parseli yake imezikwa au imepanda? Mwanasheria atasema mipaka haibadiliki kwa urefu wa kwenda juu. Lakini nani alijua mipaka ilipokuwa, wakati hakuna mti, mfereji wala kona ya nyumba iliyobaki? Waliokumbuka ni majirani. Mmoja alikumbuka mlango wa mwenzake ulitazama wapi, mwingine akakumbuka hatua za kutoka bombani, wakabishana, wakakubaliana, wakajenga nyumba za mbao juu ya mwamba ambao ulikuwa bado na joto. Mji ule ulirudi kwa sababu watu walishuhudiana.

Kwa hiyo ningependa kusema kwamba haki ya mji hutokana na kushuhudiwa: wewe ni mtu wa hapa kwa kuwa wapo wanaojua unapopita. Kwa kipimo hicho akina mama wa bidoni wanashinda bila karatasi.

Ila kipimo hicho nacho kina meno. Majirani wanaweza kumshuhudia mwenye ukuta vilevile. Wanamjua, wamekula kwake. Na waliokaa katika kambi za Bulengo na Lushagala, waliobeba mizigo ya mji na kuponda mawe yake, kisha Februari 2025 wakaamriwa kuondoka na kambi zikavunjwa, nani wa kuwashuhudia? Waliokuwa wakijua vijia vyao ni wao kwa wao, nao wametawanyika. Nikisema mtu ni wa mji tangu usiku wake wa kwanza, nitaulizwa haki hiyo imetoka wapi, maana karatasi nimeikataa, tarehe nimeikataa, na ushuhuda hana. Wanaojibu kwamba inatoka katika utu wake huenda wamesema kweli. Lakini utu anao pia mtu wa Kisangani ambaye hajawahi kukanyaga hapa, na kikao kijacho cha majirani lazima tuseme ni nani wa kuitwa na ni nani wa kuachwa.